Nani Alishinda Gettysburg?

Mabibi na mabwana, ndugu zangu, asanteni kwa kufika.

Ukimuuliza aliyesoma historia ya Marekani ni majenerali gani walipambana katika mji wa Gettysburg, jimbo la Pennsylvania, wakati wa Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe, atakutajia wawili: Robert E. Lee wa Kusini iliyojitenga na George Meade wa Kaskazini, upande wa serikali. Ni kweli. Lakini jioni hii naomba tuwashushe kidogo hao wawili ili tuwaone wengine. Mapigano yale ya siku tatu, kuanzia tarehe 1 hadi 3 Julai 1863, kwa maoni yangu yaliamuliwa na makamanda wa ngazi ya kati, watu walioiona ardhi kwa macho yao wakachukua hatua kabla ya kuamriwa.

Mwezi Mei Lee alikuwa ameshinda mapigano ya Chancellorsville, Virginia. Akavuka kwenda Pennsylvania na askari zaidi ya 70,000, akitaka kuipiga Kaskazini nyumbani kwake. Katika safari hiyo askari wake waliwakamata watu weusi, wakiwemo waliozaliwa huru, wakawapeleka Kusini utumwani. Nalisema hili mapema kwa sababu habari za majenerali husimuliwa mara nyingi kana kwamba walikuwa wakicheza bao. Walikuwa wakipigania, na wakipinga, mfumo wa kummiliki binadamu. Vita hivyo vilitugusa hata huku pwani: kitambaa cha merikani, kilichokuwa kikitamba katika soko la Zanzibar, kiliadimika pamba ya Marekani ilipokwama.

Meade alikabidhiwa jeshi alfajiri ya tarehe 28 Juni. Siku tatu kabla ya mapigano! Lee naye alikuwa na pengo kubwa. Stonewall Jackson, mkono wake wa kuume, alifariki tarehe 10 Mei. Lee akaligawa jeshi upya katika vikosi vikuu vitatu. James Longstreet alibaki na chake, na vile vingine viwili wakapewa Richard Ewell na A. P. Hill, ambao hawakuwahi kuongoza vikosi vya ukubwa ule. J. E. B. Stuart, aliyekuwa jicho la jeshi, alikuwa mbali na wapanda farasi wake, hivyo Lee akaingia Pennsylvania bila kujua adui yuko wapi.

Mtu wa kwanza ninayetaka mmkumbuke ni John Buford wa Kaskazini. Aliingia mjini Gettysburg tarehe 30 Juni na brigedi mbili za wapanda farasi, watu wasiofika 3,000. Akaitazama ile safu ya vilima kusini mwa mji, akaelewa kwamba atakayeishika ndiye atakayekuwa na nafasi bora. Asubuhi ya tarehe 1 akawashusha watu wake kwenye farasi, akawapanga kwenye miinuko ya magharibi, mbali kabisa na vilima alivyotaka kuviokoa. Bunduki zao zilijazwa risasi kwa nyuma, kwa hiyo walifyatua haraka kuliko askari wa miguu waliokuwa wakishindilia mdomoni. Waliizuia divisheni ya Jenerali Heth wa Kusini hadi Jenerali John Reynolds wa Kaskazini alipofika na askari wa miguu. Reynolds, mwenyeji wa Pennsylvania, alipigwa risasi akafa muda mfupi baada ya kuingia vitani.

Meade, aliyekuwa bado njiani, akamtuma Jenerali Winfield Scott Hancock kushika usukani, ingawa Jenerali Howard aliyekuwa pale alimzidi kwa ukongwe wa cheo. Hancock alifika jeshi likiwa limesukumwa nyuma kupitia mjini. Akaipima ardhi ya Cemetery Hill, akaamua: tunasimama hapa.

Upande wa pili, Lee alimwambia Ewell akiteke kilima hicho akiona inawezekana, ila asianzishe mapigano makubwa kabla jeshi lote halijafika. Ewell hakushambulia. Amelaumiwa kwa hilo zaidi ya miaka mia, na mimi naona lawama imeelekezwa pasipo. Askari wake walikuwa wamechoka na kutawanyika, na amri ilimvuta huku na huku. Amri ya namna hiyo ilifaa kwa Jackson, aliyezoeana na Lee. Lee alibadilisha makamanda bila kubadilisha namna yake ya kuwaamuru.

Sasa tarehe 2, siku ninayoiona nzito kuliko zote. Daniel Sickles wa Kaskazini, mwanasiasa aliyegeuka jenerali, hakupenda mahali alipopangwa. Akakisogeza kikosi chake kikuu mbele hadi kwenye bustani ya mipichi bila ruhusa, akauacha wazi ubavu wa kushoto wa jeshi zima. Longstreet akamshukia. Kikosi cha Sickles kilivunjwa, naye akapoteza mguu kwa kombora la mzinga.

Mtaniambia: huyu naye alichukua hatua bila kuamriwa! Ndiyo. Tofauti ni kwamba Buford alifikiria jeshi lote litasimama wapi; Sickles alifikiria eneo lake.

Wakati huohuo mhandisi mkuu wa jeshi, Gouverneur Warren, alipanda Little Round Top akakuta askari wachache tu wa kupeleka ujumbe kwa ishara. Adui anakuja, kilima hakina mlinzi. Akatuma wajumbe kuomba msaada. Mmoja wa wajumbe alikutana na Kanali Strong Vincent, aliyekuwa akiongoza brigedi. Kwa utaratibu Vincent alipaswa kumsubiri kamanda wa divisheni yake. Hakusubiri. Alisema atabeba dhamana mwenyewe, akawapandisha watu wake, wakawahi kwa dakika chache. Mwishoni kabisa mwa safu alimweka Joshua Chamberlain, mwalimu wa chuo kutoka Maine, ambaye watu wake walipoishiwa risasi waliteremka na singe. Chamberlain amepata sifa, na anastahili. Lakini ni Vincent aliyeamua, na alikufa kwa majeraha tarehe 7 Julai. Upande wa kulia, Culp's Hill, George Greene mwenye umri wa miaka 62 alikuwa amewajengesha watu wake ngome za magogo na udongo. Usiku ule ngome hizo ziliwaokoa.

Usiku Meade aliwaita makamanda wake katika nyumba ndogo ya mkulima, akawasikiliza mmoja mmoja. Wakakubaliana kubaki. Lee hakuitisha kikao cha namna hiyo. Kesho yake aliagiza watu wapatao 12,500 wavuke uwanja mtupu wa zaidi ya kilomita moja. Longstreet alipinga waziwazi, hakusikilizwa. Jenerali Pickett, mmoja wa walioongoza shambulio hilo, alipomwomba ruhusa ya kuanza, Longstreet hakuweza kutamka, aliinamisha kichwa tu. Henry Hunt, mkuu wa mizinga ya Kaskazini, alikuwa amenyamazisha mizinga yake ili kutunza risasi kwa ajili ya saa hiyohiyo. Zaidi ya nusu ya washambuliaji waliuawa, walijeruhiwa au walitekwa. Lee aliwapokea waliorudi akisema kosa ni lake, na mwezi Agosti akaomba kujiuzulu. Jefferson Davis, Rais wa Kusini, alikataa.

Meade alilaumiwa na Rais Lincoln wa Kaskazini kwa kumwacha Lee avuke mto Potomac usiku wa kuamkia tarehe 14 Julai. Sickles naye alikwenda mbele ya kamati ya Bunge kudai kwamba Meade alitaka kukimbia Gettysburg. Mimi nasimama na Meade. Jeshi lake lilikuwa limepoteza watu wapatao 23,000 na makamanda wake bora: Reynolds amekufa, Hancock amejeruhiwa vibaya. Angemfuata Lee akiwa na nani?

Nimemaliza. Karibuni kwa maswali, na wale wanaomtetea Sickles waanze.