Lalla Salma wa Moroko: Cheo cha Nikahi na Kazi Iliyobaki

REHEMA: Karibu tena, kaka Idi, na karibuni wasikilizaji wetu. Nilipokuwa nikiandaa kipindi hiki nilikwama kwenye neno moja kabla sijafika popote. Kwa Kiswahili, binti mfalme ni mtoto wa kike wa mfalme. Nasaba imo ndani ya neno lenyewe na huwezi kuitoa. Sasa yupo mwanamke aliyezaliwa mjini Fes, baba yake mwalimu wa chuo, akaolewa na mfalme wa sasa wa Moroko, Mohammed wa Sita, na kupewa cheo kile kile cha mabinti waliozaliwa ikuluni. Tumwiteje?

IDI: Tumwite kama wenyewe wanavyomwita, dada Rehema: Lalla Salma. Lalla ni neno la heshima kwa mwanamke, na hata mama wa kawaida mtaani anaweza kuitwa hivyo na majirani zake, lakini likitangulia jina la mtu wa ukoo wa kifalme huwa ni cheo kamili. Kila ninapolisikia hukumbuka "Mwana" ya watu wa Lamu na Pate, ile iliyomtangulia Mwana Kupona. Ni heshima iliyokaa mbele ya jina hadi ikawa sehemu ya jina. Kiarabu cha ikulu kikaongeza neno "amira", yaani binti mfalme. Hakikusema "malika", yaani malkia, na nadhani tofauti hiyo inafaa tuiweke akilini.

REHEMA: Tuiweke, kwa sababu hata huo uamira ulikuwa jambo geni. Mfalme Hassan wa Pili, aliyetawala kuanzia mwaka 1961 hadi alipofariki mwaka 1999, hakuwatoa wake zake mbele ya umma. Mama mzazi wa mfalme wa sasa, Lalla Latifa, alitajwa kwa miaka mingi kama "mama wa watoto wa mfalme", na sura yake wananchi hawakuijua. Wanawake wa ukoo walioonekana, waliokata utepe na kupokea wageni, walikuwa mabinti na madada wa mfalme, wale wenye damu. Mke alikuwa ni siri ya nyumba.

IDI: Na usisahau kwamba siri hiyo haikuhesabiwa kuwa dharau. Katika fikra za ikulu ile, kumsitiri mke kulikuwa ni kumtukuza. Mtu anayehukumu kwa macho ya leo anaona kifungo tu, lakini hata huku pwani walikuwapo mabibi wa nyumba kubwa ambao heshima yao ilipimwa kwa jinsi walivyokuwa hawaonekani barabarani.

REHEMA: Nakubali kwamba ndivyo ilivyofikiriwa, sikubali kwamba wake wenyewe waliulizwa. Lakini tumfuate Salma. Salma Bennani alizaliwa tarehe 10 Mei 1978. Mama yake alifariki yeye akiwa na umri wa miaka 3, akalelewa na bibi yake mzaa mama mjini Rabat. Alisoma uhandisi wa kompyuta katika ENSIAS, chuo cha serikali kilichoko Rabat, akamaliza mwaka 2000, kisha akaajiriwa ONA, kundi kubwa la makampuni ambalo familia ya kifalme ilikuwa na hisa ndani yake. Kwa hiyo, mwanamke aliyeingia ikuluni alikuwa na shahada yake na mshahara wake.

IDI: Ndoa ilifungwa Rabat mwezi Machi mwaka 2002. Sherehe za hadharani zilipangwa kufanyika Aprili, zikaahirishwa hadi Julai kwa sababu ya yaliyokuwa yakitokea Palestina wakati huo. Mfalme hakutaka ngoma zilie huku watu wanazika. Julai ilipofika, picha za bibi harusi zilisambazwa, nywele zake nyekundu zikiwa wazi. Kwa nchi ambayo mama wa mfalme wake hajulikani sura, nadhani picha ile ilisema mengi kuliko hotuba.

REHEMA: Ilisema mengi, lakini tusiipe zaidi ya haki yake. Nimesikia mara nyingi watu wakiunganisha ndoa ile na mageuzi ya Mudawana, sheria ya familia, kana kwamba mfalme alioa mhandisi, akaona mwanga, akabadilisha sheria. Mambo hayakwenda hivyo. Wanawake wa Moroko walikuwa wamekusanya saini na kuandamana kwa miaka mingi. Mwezi Machi mwaka 2000, kabla nchi haijasikia jina la Salma, yalifanyika maandamano makubwa mawili kwa siku moja, ya kuunga mkono mageuzi mjini Rabat na ya kuyapinga mjini Casablanca. Tume ya kuandika upya sheria iliundwa mwaka 2001. Mfalme alitangaza mageuzi hayo bungeni Oktoba 2003, na sheria ikapita mwanzoni mwa mwaka 2004: umri wa msichana kuolewa ukapandishwa kutoka miaka 15 hadi 18, ingawa hakimu aliachiwa mlango wa kutoa ruhusa, na sharti la mke kumtii mume likaondolewa.

IDI: Basi tuseme picha na sheria vilitoka katika chungu kimoja, bila ya kimoja kukipika kingine.

REHEMA: Hapo tumeelewana.

IDI: Sasa tufike kwenye kazi yake, kwa sababu mimi naona hapo ndipo mwanamke huyu anapostahili muda wetu. Novemba 2005 alianzisha chama cha kupambana na saratani, ambacho baadaye kiligeuzwa kuwa wakfu wenye jina lake. Mwaka uliofuata Shirika la Afya Duniani lilimteua kuwa balozi wake wa hisani katika masuala ya saratani. Mabalozi wa hisani tunawajua. Wengi hupigwa picha na watoto, wakaondoka. Huyu alichagua ugonjwa ambao watu wa nchi yake walikuwa hawautaji kwa jina. Kwa Kiarabu cha mitaani cha Moroko waliuita "ugonjwa mbaya", na wengi wanauita hivyo mpaka leo.

REHEMA: Hata kwetu si hivyo hivyo? Utasikia matangani, "alikuwa na ule ugonjwa", sauti inashuka, na kila mtu anaelewa. Sasa fikiria mwanamke ana uvimbe kwenye titi, na neno lenyewe halitamkiki nyumbani. Atamwambia nani? Atakwenda hospitali lini? Atakwenda siku kidonda kinapojitokeza nje, na siku hiyo daktari hana la kufanya ila kumpunguzia maumivu. Mke wa mfalme anaposimama mbele ya kamera na kulitamka neno saratani bila kushusha sauti, anampa mwanamke huyo ruhusa ya kulitamka mbele ya mumewe. Hiyo ni kazi ambayo waziri wa afya hawezi kuifanya, hata awe hodari namna gani, kwa sababu waziri hana heshima ya aina ile.

IDI: Sauti peke yake, hata hivyo, haitibu. Chama chake kilishirikiana na wizara ya afya kuandaa mpango wa taifa wa kuzuia na kudhibiti saratani wa miaka 2010 hadi 2019. Ndani yake kulikuwa na uchunguzi wa mapema wa saratani ya matiti na ya shingo ya kizazi kuanzia katika vituo vya afya vya msingi, ujenzi wa vituo vya tiba katika mikoa ili watu wasilazimike wote kwenda Rabat na Casablanca, na dawa kwa wagonjwa wasio na uwezo. Kulikuwa pia na kampeni dhidi ya tumbaku shuleni. Lakini kitu kilichonigusa zaidi ni kidogo kuliko hivyo vyote: zile nyumba za kupokea wagonjwa walizoziita "nyumba za maisha".

REHEMA: Waeleze wasikilizaji, kwa sababu mtu ambaye hajauguza anaweza asione ukubwa wake.

IDI: Tiba ya mionzi si ya siku moja, dada. Mgonjwa anaweza kuhitaji kurudi kwenye mashine kila siku, kwa wiki kadhaa. Kama nyumba yake iko mlimani, mbali na mji wenye mashine, na hana ndugu mjini, atalala wapi? Wengi huanza tiba na kuiacha katikati, si kwa kukata tamaa, bali kwa kukosa godoro na nauli. Nyumba zile zilijengwa karibu na vituo vya saratani ili mgonjwa na anayemuuguza wapate kitanda, chakula, na mtu wa kuzungumza naye jioni. Aliyewahi kulala kwenye baraza ya hospitali kubwa akimsubiri mgonjwa wake atanielewa bila maelezo zaidi.

REHEMA: Nami nitaongeza jambo ambalo si tamu. Kazi nzuri kama hii ikitegemea jina la mtu wa ikulu, hupata fedha haraka na milango hufunguka, lakini pia huwa vigumu kwa gazeti au mbunge kuuliza maswali. Nani atasimama na kusema kwamba mpango wa mke wa mfalme umechelewa katika mkoa fulani? Simlaumu yeye kwa hilo. Nasema tu kwamba heshima inayofungua mlango ndiyo hiyo hiyo inayofunga midomo.

IDI: Sina jibu kwa hilo, na sitajifanya ninalo. Tupite haraka kwenye safari zake za nje, kwa kuwa magazeti yalikwisha kuzishughulikia kupita kiasi: alikuwepo London mwaka 2011 kwenye harusi ya William na Kate, na Amsterdam mwaka 2013 mfalme Willem-Alexander alipotawazwa, kote huko akiwa amevaa kaftani ya kwao.

REHEMA: Kisha, mwishoni mwa mwaka 2017, akaacha kuonekana. Machi 2018 gazeti moja la Uhispania liliandika kwamba ndoa imevunjika. Ikulu haikutoa tangazo rasmi. Wala sitaki tuingie kwenye uvumi wa mitandaoni, kwa sababu kuna swali zito zaidi: cheo kilichotolewa kwa amri ya mfalme kinakaa wapi ndoa inapokuwa haionekani tena? Nimesoma katiba ya Moroko ya mwaka 2011. Inaeleza urithi wa kiti kwa mwana wa kiume mkubwa, inaeleza baraza la kumsimamia mfalme akiwa mtoto; mke wa mfalme haimpi wadhifa wowote. Kwa hiyo miaka yote ile alifanya kazi ya taifa bila mkataba, bila masharti ya kuanza wala ya kumaliza.

IDI: Na hapo namkumbuka Salme wetu wa Unguja, maana majina yao ni mamoja. Sayyida Salme alizaliwa Mtoni mwaka 1844, binti wa Seyyid Said kwa damu, hakupewa cheo na mtu. Mwaka 1866 akaondoka kisiwani kwa meli ya kivita ya Waingereza, mwaka uliofuata akabatizwa Aden na kuolewa na mfanyabiashara Mjerumani, Heinrich Ruete. Mumewe akafariki mwaka 1870, na miaka mingi Salme aliidai sehemu yake ya urithi kwa ndugu zake bila kuipata. Mmoja ndoa ilimpandisha ikuluni, mwingine ndoa ilimtoa.

REHEMA: Ila Salme, pamoja na yote aliyonyang'anywa, aliendelea kuwa binti wa Seyyid Said, na hakuna sultani aliyeweza kulifuta hilo. Kwa Lalla Salma kamba ni nyingine. Mwanawe Moulay Hassan, aliyezaliwa Mei 2003, ndiye mrithi wa kiti, na binti yake Lalla Khadija, aliyezaliwa Februari 2007, ni binti mfalme kwa maana ile ile ya Kiswahili niliyoanza nayo.

IDI: Kwa hiyo, kama tunauliza ni nafasi gani amebaki nayo ambayo haihitaji amri ya mtu wala cheti cha ndoa, ni ile ile iliyokuwa ya Lalla Latifa.

REHEMA: Mama wa watoto wa mfalme. Mwanamke wa kwanza kutolewa nje ya pazia akarejea kwenye jina la waliokuwa nyuma yake. Ila kuna hili moja ambalo Lalla Latifa hakuwa nalo: wakfu wa saratani bado unafanya kazi, na jina juu ya mlango halijabadilishwa.