Michael Apted: nani kasema hakuwa na mtindo?

Ndugu zangu, lawama ni ile ile: Michael Apted, mwongozaji wa filamu kutoka Uingereza, hakuwa na mtindo. Eti aliyeongoza tamthilia ya televisheni Coronation Street, kisha filamu ya Coal Miner's Daughter mwaka 1980, kisha James Bond mwaka 1999 na Narnia mwaka 2010, ni fundi wa kukodiwa tu. Nimeijibu mara nyingi, na leo naijibu tena, maana wanaoitoa hawajaketi na mfululizo wa Up, filamu za hali halisi zinazowarudia watu wale wale kila baada ya miaka saba, wakauchunguza.

Mwaka 1964 kampuni ya televisheni ya Granada ilitoa filamu ya kwanza, Seven Up! Aliyeongoza ni Paul Almond. Apted, kijana wa miaka 23, alikuwa mtafiti tu, akisaidia kutafuta watoto 14 wa miaka saba. Kuanzia 1970 akashika usukani mwenyewe, kila baada ya miaka saba, hadi 63 Up ya 2019. Uteuzi ule wa haraka uliacha kasoro: wavulana 10, wasichana 4. Kasoro hiyo haitibiki kwenye uhariri. Huwezi kurudi 1964 ukaongeza binti.

Sasa njooni 21 Up, mwaka 1977. Yupo kijana wa East End, mashariki mwa London, aliyewahi kutaka kuwa joki, yaani mpanda farasi wa mashindano. Apted aliamini ataishia jela, akampiga picha wakizunguka maeneo ya wahalifu ili akiba iwepo siku hiyo ikifika. Haikufika. Kijana akawa dereva wa teksi na baba wa familia, na picha zile zikabaki kumsuta aliyezipiga. Ukienda kuhoji huku jibu unalo mfukoni, umeshaharibu kazi kabla kamera haijawashwa! Apted alikiri kosa hilo hadharani. Na katika 49 Up, mwanamke mmoja alipomkabili kuhusu maswali yake, hakuyakata mabishano yale. Yamo kwenye filamu.

Mtasema hiyo ni televisheni, sinema ni jambo jingine. Hapana. Tazameni filamu yake Gorillas in the Mist, 1988, iliyopigwa Rwanda. Gorila wa mwituni huwezi kumwambia arudie. Alan Root alipiga picha za wanyama wenyewe, Rick Baker akatengeneza mavazi ya gorila kwa matukio ambayo mnyama hawezi kuelekezwa, kisha mhariri akaunganisha. Mwigizaji mkuu, Sigourney Weaver, alilazimika kuigiza kwa kufuata anachofanya mnyama. Ni nidhamu ile ile ya mahojiano: unangoja, unapokea kinachokuja.

Na mwaka 1992 alitoa Incident at Oglala, ya hali halisi, na Thunderheart, ya kubuni, zote kuhusu Wahindi Wekundu wa South Dakota. Huyo ndiye asiye na mwelekeo?

Muda umekwisha. Filamu yake Gorky Park, ambamo Helsinki ilisimama badala ya Moscow, sitaigusa. Anayetaka kuanza, aanze na 28 Up. Kila filamu ya mfululizo huu lazima ieleweke na mgeni, hivyo picha za zamani zinarudi na kula dakika za mahojiano mapya. Angalieni anachokata na anachobakiza.