Jinsi Bolivia Ilivyoipoteza Bahari

Mwenyekiti wa kikao, walimu wenzangu, wanafunzi, mabibi na mabwana,

Nimeombwa nizungumzie historia na jiografia ya nchi za Amerika ya Kusini. Kwa kuwa bara lenye nchi 12 haliwezi kumalizwa kwa saa moja, nimechagua nchi moja na jambo moja: namna Bolivia, iliyozaliwa mwaka 1825 ikiwa na pwani yake kwenye Bahari ya Pasifiki, ilivyobaki bila ufuko wowote baada ya vita vilivyoanza mwaka 1879. Kwa kawaida habari hii husimuliwa kama habari ya vita. Mimi nitadai kwamba vita vilikuja kukamilisha tu jambo ambalo milima na jangwa vilikuwa vimelianza zamani, na ambalo serikali za Bolivia hazikuwa na fedha wala watu wa kulizuia.

Tuitazame kwanza ardhi yenyewe. Milima ya Andes inapofika Bolivia hugawanyika kuwa safu mbili, na katikati yake kuna uwanda wa juu uitwao Altiplano, ambao uko takriban meta 3,800 kutoka usawa wa bahari. Humo, na katika mabonde ya jirani, ndimo walimoishi watu wengi, na humo ndimo ulimokuwa utajiri wote wa zamani, hasa Potosí, ambako Wahispania walianza kuchimba madini ya fedha mwaka 1545. Msafiri aliyetaka kutoka huko kwenda Pasifiki ilimbidi aivuke safu ya magharibi, kisha aingie Atacama, jangwa ambalo ukavu wake una sababu mbili: milima huzuia hewa yenye unyevu inayotoka upande wa Amazon, na mkondo baridi wa Humboldt unaopita pwani hupoza hewa ya bahari kiasi kwamba huleta ukungu lakini hauleti mvua. Mito inayoufikia ufuko huo ni ya kuhesabika, na maji ya kunywa bandarini yalikuwa bidhaa ya kununuliwa.

Kwa hiyo haishangazi kwamba fedha ya Potosí haikupita huko. Ilibebwa na lama na nyumbu hadi Arica, bandari iliyo kaskazini zaidi, ikapakiwa melini kuelekea Callao, bandari ya Lima. Na baada ya mwaka 1776, Uhispania ilipoliweka eneo hilo chini ya Buenos Aires, sehemu kubwa ya biashara ikageuzwa kuelekea Atlantiki. Uhuru ulipopatikana, Arica, ambayo kwa maumbile ndiyo bandari ya La Paz, ilibaki mikononi mwa Peru. Rais Andrés de Santa Cruz alijaribu kuitibu kasoro hiyo kwa kuziunganisha Peru na Bolivia kuwa shirikisho mwaka 1836, lakini Chile, iliyouona muungano huo kuwa hatari kwake, iliuvunja kwa nguvu ya jeshi mwaka 1839. Bolivia ikabaki na Cobija, bandari ndogo iliyofunguliwa kwa amri ya Simón Bolívar, mbali sana na miji yake na isiyo na maji ya kutosha, ambayo baadaye ilipigwa na matetemeko na mawimbi makubwa ya mwaka 1868 na 1877.

Mipaka nayo ilikuwa na utata. Nchi zilizojitoa kwa Uhispania zilikubaliana kurithi mipaka ya kiutawala ya mkoloni kama ilivyokuwa mwaka 1810, kanuni ambayo sisi Waafrika tunaifahamu vizuri, kwani viongozi wetu walikubaliana jambo la aina hiyo hiyo Cairo mwaka 1964. Kanuni hiyo hufanya kazi pale ambapo mkoloni alichora mstari ulio wazi. Katika Atacama hakuuchora, kwa sababu hapakuwa na kitu cha kugombaniwa.

Kitu hicho kilipatikana katika karne ya 19, nacho kilikuwa mbolea. Kwanza ilikuwa guano, yaani kinyesi cha ndege wa baharini kilichorundikana kwa karne nyingi mahali pasiponyesha mvua ya kukiosha. Kisha ikawa shura, chumvi iliyotandaa jangwani ambayo Ulaya iliihitaji kwa mashamba na kwa baruti. Ukavu ule ule uliowafukuza watu ndio uliokuwa umeihifadhi mali hiyo. Chile ilianza kudai ardhi hadi latitudo ya digrii 23 kusini mwaka 1842. Mkataba wa 1866 uliuweka mpaka kwenye digrii 24 na kuagiza mapato ya eneo lililo kati ya digrii 23 na 25 yagawanywe baina ya nchi hizo mbili. Mkataba wa 1874 uliuthibitisha mpaka huo kwa sharti kwamba Bolivia isiongeze kodi kwa kampuni za Chile kwa miaka 25. Ila makaratasi hayo yalikuwa yamechelewa. Mitaji ya Antofagasta, bandari ya eneo hilo, ilitoka Chile na Uingereza, vibarua walitoka Chile, na wakazi wengi wa mji huo uliokuwa chini ya bendera ya Bolivia walikuwa Wachile.

Mwaka 1878 Bolivia, iliyokuwa taabani kwa ukame na njaa, iliitoza kampuni ya shura ya Antofagasta senti 10 kwa kila kwintali (kipimo cha uzito) iliyosafirishwa nje. Kampuni ikagoma kulipa, na Rais Hilarión Daza akaamuru mali yake inadiwe tarehe 14 Februari 1879. Siku hiyo hiyo wanajeshi wa Chile walishuka pwani na kuuteka mji bila mapigano. Naikubali hoja ya Wachile kwamba kodi ile ilivunja mkataba. Lakini kwa maoni yangu, kuteka mkoa mzima kwa ajili ya senti 10 kunaonyesha kwamba sababu ilikuwa kubwa kuliko kodi.

Vita vyenyewe sitavirefusha. Peru iliingia kwa sababu ya mkataba wa siri wa 1873 kati yake na Bolivia, na mapambano makubwa ya baharini na nchi kavu yakawa kati yake na Chile. Kwa upande wa Bolivia linakumbukwa zaidi jina la Eduardo Abaroa, raia wa kawaida aliyeuawa Calama tarehe 23 Machi 1879 akilinda daraja. Inasimuliwa kwamba alipotakiwa kusalimu amri alijibu kwa ukali kuwa akasalimu amri bibi yao. Baada ya kushindwa Tacna mwezi Mei 1880, jeshi la Bolivia lilipanda milimani na halikurudi tena vitani.

Mkataba wa amani ulitiwa saini mwaka 1904. Bolivia iliachia pwani yenye urefu wa takriban kilomita 400, na Chile ikaahidi haki ya kudumu ya kupitisha bidhaa pamoja na reli kutoka Arica hadi La Paz, iliyofunguliwa mwaka 1913. Chile ilikula kodi ya shura hadi Wajerumani walipobuni mbolea ya viwandani; kisha shaba ya Chuquicamata, iliyo karibu na Calama hiyo hiyo, ikachukua nafasi yake.

Madai hayakuisha. Mwaka 1975 Chile ilielekea kutoa ukanda mwembamba kaskazini mwa Arica, lakini makubaliano yake na Peru ya 1929 yanaitaka iipate kwanza ridhaa ya Peru kwa ardhi iliyokuwa ya Peru, na mpango ukafa. Mwaka 2013 Bolivia ilikwenda The Hague, na tarehe 1 Oktoba 2018 Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliamua, kwa kura 12 dhidi ya 3, kwamba Chile haikuwa na wajibu wa kisheria wa kujadiliana kuhusu njia ya kwenda baharini yenye mamlaka kamili ya Bolivia.

Hukumu hiyo ilitolewa wakati nchi yenyewe imekwisha kuhama. Kitovu cha uzalishaji kimeteremka kutoka Altiplano hadi Santa Cruz, katika nchi tambarare ya mashariki iliyo meta 400 tu hivi juu ya bahari, na sehemu ya soya ya huko sasa husafirishwa kwa matishari kwenye mito Paraguay na Paraná hadi Atlantiki, ingawa shehena nyingi za nyanda za juu bado hushuka kupitia Arica, chini ya bendera ya Chile.