Kabichi ya Wiki 3 kwa Dakika 21: Jinsi ya Kutumia Chumvi ya Kesho

Habari zenu watazamaji, karibuni tena jikoni. Leo tunachachusha kabichi. Kazi hii kwa kawaida inataka wiki 3, lakini sisi tutaimaliza kwa dakika 21 kwa msaada wa hiki kichupa. Ngoja nisogeze kamera. Unaona? Hii ndiyo chumvi ya kesho. Punje zake ni ndogo kama ufuta, zina rangi ya maziwa yaliyozidishwa maji, na nikizimimina kidogo hivi, kivuli kinafika mezani kabla ya punje yenyewe. Usishtuke, ndiyo tabia yake.

Shika hesabu hii moja tu: punje 1 ni siku 1, na siku hiyo inapita kwa dakika 1. Ikiwa kavu imelala, ikigusa unyevu imeamka. Kwa hiyo kausha mikono vizuri kabla ya kufungua kichupa. Mimi niliwahi kuishika na kidole kibichi kilichokuwa na mkwaruzo, punje 5 zikanigandia. Mkwaruzo ulipona huku nautazama, sikatai, lakini muwasho wa siku 5 nao ulikuja wote kwa mpigo. Nililia.

Haya, tuanze. Nina kabichi kilo 1, nimeikata nyembamba. Naweka chumvi ya kawaida gramu 20, yaani asilimia 2 ya uzito wa kabichi. Pima kwa mizani, usikadirie kwa kiganja. Na kabla hujaniuliza: hapana, chumvi ya kesho haihesabiki hapa. Ni chumvi kwa jina tu. Haikolei, haikamui maji ya kabichi, na haizuii vijidudu waharibifu. Kazi hiyo ni ya chumvi ya mezani.

Sasa kanda. Minya kwa nguvu mpaka kabichi inyong'onyee na kutoa maji yake yenyewe. Inachukua kama dakika 10, na hapa hakuna njia ya mkato. Halafu shindilia kwenye chupa ya kioo yenye mdomo mpana, maji yapande juu ya kabichi, na uache nafasi ya vidole vinne hapo juu. Wengi wanaidharau nafasi hii. Subiri kidogo utaona kazi yake.

Vifaa viwe vya kioo au kaure. Kijiko cha chuma kitashika kutu, na mwiko wa mbao utanyonya siku ambazo ulizikusudia kabichi.

Sasa hesabu punje 21 kwenye karatasi kavu. Hesabu mara mbili. Ziko? Mimina zote kwa pamoja, koroga mara moja, kisha weka jiwe safi juu ili kabichi ibaki chini ya maji. Kifuniko kiegeshe tu. USIKIKAZE. Chumvi ya kesho inafupisha muda, haipunguzi gesi. Hewa ya ukaa ambayo ingetoka taratibu kwa wiki nzima sasa inatoka kwa dakika chache. Ile alama ya duara unayoiona kwenye dari yangu ni kifuniko cha mara ya kwanza.

Dakika ya 1 na ya 2: kimya. Ya 3, haya, povu hilo! Hao ni bakteria wa Leuconostoc, ndio wanaofungua kazi. Wanatoa gesi nyingi na kuanza kuleta ukali, mpaka ukali wenyewe unawashinda, wanawapisha Lactobacillus wanaostahimili asidi zaidi. Hapa ndipo ninapoipendea chumvi hii kuliko joto. Ukiharakisha kwa kuweka chupa mahali pa moto, wale wa pili wanaingia mapema, kabichi inalainika na ladha inakuwa kali bila utamu wowote nyuma yake. Chumvi ya kesho inawapa kila mmoja zamu yake. Jiko langu lina nyuzi 19 za Selsiasi, na chupa inachacha kama ya nyuzi 19, ila mbiombio.

Kila baada ya dakika 2 bonyeza jiwe, kwa sababu povu linainua kabichi. Kumbuka, ukigeuka kupokea simu ya dakika 5, umeiacha kabichi siku 5 bila mwangalizi. Ikitokeza juu ya maji, ukungu nao unapata siku zake 5.

Na saa yako iweke mbali, hatua 3 au zaidi. Siku zinazoingia kwenye chupa zinachotwa hapo hapo pembeni, kwa hiyo kila kilicho karibu kinachelewa. Mimi niliwahi kuiegemeza saa kwenye chupa, nikabonyeza kwa kufuata dakika zake. Nilipokuja kustuka, juu kulikuwa na manyoya ya kijani. Nikamwaga yote. Siku hizi pembeni naweka jagi la maziwa, angalau yapate faida ya kuchelewa. Na tazama hapa juu ya mdomo wa chupa, huyo nzi. Ameganda hewani, bawa moja juu, jingine chini. Hajafa. Mwache.

Dakika ya 15, povu limetulia, maji yamekuwa meupe-meupe kama maji ya mchele. Hiyo ni sawa. Dakika ya 21, chovya karatasi ya kupimia asidi. Pehachi iwe chini ya 4.6, yangu inasoma 3.5, safi kabisa. Ikiwa iko juu ya 4.6, au inanuka uozo, usionje, mwaga.

Usikimbilie kuhamishia kwenye friji. Huenda punje moja ilinasa kwenye majani na bado inafanya kazi, nawe utachelewesha friji nzima. Mtazame nzi. Bado… bado… haya, ameruka. Sasa kaza kifuniko.