Pembetatu ya njano

Jambo zenu. Mama na baba mnaosimamia staji, mazoezi ya kazi ya wauguzi wetu, na ninyi wanafunzi mliobanana huko karibu na mlango, asanteni kwa kupanda mlima huu wa Kadutu, hapa Bukavu, na jua lote hili.

Swali letu leo: ubunifu wa muuguzi tunaupimaje? Nianze na tofali. J. P. Guilford ndiye aliyewasukuma wanasaikolojia wenzake wa Marekani, mwaka 1950, wachunguze ubunifu. Zoezi lake moja linajulikana hadi leo: taja kazi zote unazoweza kufanya na tofali. Haya, nani?

(Sauti kutoka nyuma: "Kuzuia gari lisirudi nyuma!")

Mnacheka! Kwa miteremko ya Bukavu, nani hapa hajawahi kukimbia na tofali nyuma ya gurudumu? Sasa, E. Paul Torrance, mwanasaikolojia mwingine wa Marekani, alitoa vipimo vya ubunifu, mwaka 1966. Vinahesabu wingi wa mawazo, aina zake, upekee wake, na ufundi wa kuyajazia. Upekee hupatikana kwa kulinganisha: jibu wanalolitoa wachache ndilo lenye pointi. Katika mji wa tambarare kijana wetu angesifiwa. Hapa hapati kitu. Kwa hiyo ukimpima mtu wa Bukavu kwa jedwali la majibu ya Wamarekani, umepima milima tu.

Lakini hilo ni dogo. Kinachonisumbua ni kwamba vipimo hivi vinasikiliza mdomo, na muuguzi hubuni kwa jicho.

Katika hospitali ya Rochford, Uingereza, Sista Ward, muuguzi, alikuwa mkuu wa chumba cha watoto njiti. Siku za jua aliwatoa uani, wapate hewa. Mwaka 1956 madaktari walipopita, akamfunua mtoto mmoja. Ngozi yote ilikuwa imepauka, isipokuwa pembetatu moja ya njano kali. Daktari akadhani amempaka dawa. Hapana: pale ndipo kona ya shuka ilipofunika, jua halikufika. Umanjano wa mtoto ulikuwa umefifia kwenye mwanga na kubaki kwenye kivuli. Mwaka 1958 Daktari Cremer na wenzake walichapisha kazi yao juu ya tiba ya mwanga, na taa za buluu mnazoziona leo juu ya vichanga zimetoka huko.

Wazo moja tu. Kwa wingi wa mawazo, Sista Ward angepata ngapi juu ya 20?

Na sisi je? Niliwahi kukaa kwenye mtihani wa vitendo, shule siitaji. Binti aliambiwa aweke serumu, dripu ya mgonjwa, na potansi, ile nguzo ya kutundikia chupa, ilikuwa imevunjika. Akaangalia juu, akaona msumari wa chandarua, akauvuta kwanza kwa mkono kuona kama umeshika, ndipo akafunga chupa kwa bandeji. Matone yakashuka vizuri. Karatasi ya pointi iliandikwa "ametundika kwenye potansi". Akapewa sifuri kwenye mstari huo. Nami nilinyamaza, na bado inaniuma.

Teresa Amabile, mtafiti wa ubunifu, alipendekeza njia nyingine mwaka 1982: watu wanaoijua kazi waitazame kazi yenyewe, kila mmoja atoe pointi peke yake, bila kushauriana, kisha tuone kama wanakubaliana. Hiyo tunaiweza. Mama watatu wa materinite, wodi ya wazazi, waliozeeka kazini, karatasi tatu, kalamu tatu. Wangeuona ule mkono ukivuta msumari.

(Swali la mama mmoja: "Na mwanafunzi akibuni kipimo cha dawa?")

Anaanguka, mama, hata akibuni kwa uzuri wa malaika. Kipimo cha dawa hakitafutiwi upekee. Ndiyo maana nataka mistari miwili kwenye karatasi, usalama kwanza, ubunifu chini yake, na anayekosa wa kwanza asisomewe wa pili. Yule binti angepita yote miwili. Ule mkono kwenye msumari ulikuwa usalama.

Haya, mwingine. Wewe wa tofali, simama.