Vitabu vya mabaraza, na mama wa dagaa aliyeuliza swali

Shikamooni wakubwa, vijana mambo vipi. Asanteni kwa kuja, najua Jumamosi Mwanza kila mtu ana pilika zake, wengine mmetoka mwaloni Kirumba, kule samaki wanakoshushwa, moja kwa moja hata chai hamjanywa.

Leo tuongelee vitabu vya mabaraza, yaani watu wa kawaida kukaa chini na kuamua mambo yao wenyewe. Mi naamini uhuru wa mtu unaanzia hapo, mapema kabisa kabla ya sanduku la kura.

Naanza na la kwetu. Mwaka 1958 wakoloni waliwapangia Geita halmashauri ya wilaya ya mchanganyiko wa rangi, Waafrika na Waasia na Wazungu, wakati hao wengine pale walikuwa wa kuhesabu. Watu wakagoma, wakaja mpaka hapa Mwanza mjini wakapiga kambi wasikilizwe, wakaishia kutawanywa kwa mabomu ya machozi. Yamo kwenye kitabu cha Andrew Maguire cha 1969, Toward Uhuru in Tanzania. Wale wakulima baraza walilitaka sana tu, walichokataa ni kuchaguliwa viti na mtu mwingine.

Alafu kuna Hannah Arendt, Mjerumani aliyewakimbia Wanazi. Kitabu chake On Revolution cha 1963 ni kigumu, sitawadanganya, someni taratibu. Anasema Paris 1871, Urusi 1905 na tena 1917, Hungaria 1956, kote huko mabaraza yaliota yenyewe, mitaani na viwandani, hakuna aliyeamuru, na kote yakazimwa. Urusi yalizimwa na chama kilekile kilichokuwa kinayasifia, yaani Wabolsheviki.

Ila kinachotuhusu zaidi sisi wa ziwani ni Elinor Ostrom, Governing the Commons, 1990. Huyu mama alipata Nobeli ya uchumi 2009, mwanamke wa kwanza. Anaeleza wavuvi wa Alanya kule Uturuki, walikuwa wanapigania maeneo mazuri mpaka damu inamwagika. Wakakaa wenyewe. Kila Septemba wanaorodhesha wavuvi wote na maeneo yote ya kutegea nyavu, wanapiga kura ya bahati nani aanzie wapi, kisha kila siku kila mmoja anasogea eneo moja kuelekea mashariki, ikifika Januari wanageuza, wanasogea magharibi. Ukivamia eneo la mwenzako anakuona hapohapo maana leo ni zamu yake na kaamka alfajiri kwa ajili hiyo. Hakuna boti ya doria, wanalindana wenyewe. Jamani nilisoma sehemu hiyo usiku nikaamka nikatembea chumbani, nikawa nawaza mialo yetu, makokoro yale ya nyavu za kukokota, na ugomvi wa kila mwaka.

Na sisi sheria tunayo. Sheria Na. 7 ya 1982, ile ya Serikali za Mitaa kwa wilaya, inasema mkutano mkuu wa kijiji, yaani kila mkazi wa miaka 18 na kuendelea, ndo wenye mamlaka ya juu kijijini, ile halmashauri ya watu 15 mpaka 25 iko chini yake. Wangapi humu walishaambiwa hivyo?

Nilikaa kwenye mkutano kama huo, kijiji kimoja kando ya ziwa, sikitaji. Mapato na matumizi yakasomwa mbiombio kama mtu anakimbia mvua. Mama mmoja muuza dagaa, ndoo yake ipo miguuni, akanyoosha mkono akasema rudia pale pa choo cha mwaloni, maana mi nipo pale kila siku na choo hakuna. Kimya. Msomaji akarudia, sauti imeshuka. Mwingine akauliza, mara watano, mkutano uliopangwa kuchukua saa moja tu ukaenda mpaka jua linazama na hakuna aliyeondoka.

Arendt angemwelewa yule mama bila mkalimani.

Vitabu vyote vitatu ninavyo hapa, nakala mojamoja, vya Kiingereza, kwa hiyo sehemu ya Alanya nimeifupisha kwa Kiswahili kurasa nne, dada pale mlangoni anazo. Chukueni, mkasome na wenzenu mwaloni. Sasa maswali, nianze na wewe baba wa nyuma.