Alhamisi ya wasichana wa kazi: Waswidi wa Chicago na michango yao

Shikamooni wazee wangu. Ndugu zangu, hamjambo? Ahsanteni kwa kuja.

Nitaanza na mtu mmoja. Mchungaji Erland Carlsson alifika Chicago mwaka 1853, kuulea usharika mchanga wa Immanuel, wa Walutheri kutoka Uswidi. Kazi yake kubwa haikuwa mimbarani. Wahamiaji walikuwa wanashuka mjini makundi kwa makundi, Kiingereza hawajui, wengine wameugua njiani. Yeye akawa mtu wa kuwapokea, kuwatafutia pa kulala na pa kufanya kazi. Mwaka 1854 kipindupindu kikapiga mji, akawa mtu wa kuwazika.

Sasa shikeni jambo hili. Kule Uswidi kanisa lilikuwa la serikali. Mtu alizaliwa akalikuta, kama anavyoukuta mlima. Chicago hapakuwa na kitu. Unataka kanisa? Changa. Unataka mchungaji ale? Changa. Ndiyo maana nikisikia watu wakisema Waswidi waliibeba jumuiya yao kutoka kwao wakaitua Marekani, sikubaliani nao. Ule moyo wa kuitana kikao, kupigia kura paa la kanisa na kuandika daftari la michango, kwa sehemu kubwa waliupatia mjini, kwa shida.

Na shida ilikuwa shida kweli. Mtaa wao wa mwanzo, Swede Town, ulikuwa kaskazini ya mto, nyumba za mbao zimebanana. Oktoba 1871 moto mkuu wa Chicago ukaufagia. Kanisa la Immanuel likateketea, na ofisi ya gazeti lao Hemlandet vilevile. Wakachanga upya. Baadaye mji ulipokaza sheria dhidi ya nyumba za mbao, wengi wakasogea kaskazini zaidi, na polepole Andersonville, kando ya Clark Street, ikawa mtaa wao. Kufikia 1910 Chicago ilikuwa na watu zaidi ya 60,000 waliozaliwa Uswidi, na ukiwaongeza watoto waliozaliwa palepale unapita 100,000.

Lakini nani alikuwa anatoa hizo fedha? Tunawakumbuka sana maseremala, maana husemwa kwamba Waswidi ndio walioijenga Chicago. Mimi nataka tuwakumbuke wasichana wa kazi.

Binti Mswidi aliyeingia Chicago peke yake, kazi ya kwanza aliyoipata kwa kawaida ilikuwa ya nyumbani kwa matajiri. Kuosha, kupika, kulea. Saa za kazi zilikuwa nyingi mno. Ila chakula na kitanda alivipata humohumo, kwa hiyo mshahara wake ulibaki mkononi, tofauti na kijana wa kiwandani aliyelipa pango. Mapumziko yake yalikuwa Alhamisi mchana, na baadhi ya Jumapili. Hebu mtazameni Alhamisi hiyo. Amevua aproni, amevaa kofia. Kijijini kwao kofia ni ya mabibi wakubwa, mtumishi hujifunga kitambaa. Hapa anatembea nayo barabarani kichwa juu. Njia ya waenda kwa miguu anaiita "sajdvåk", neno la Kiingereza alilolivika Kiswidi, kama sisi tulivyolivika Kiswahili neno baiskeli. Anakwenda kukutana na wenzake kanisani au chamani, na katika mkoba mna mchango wake.

Vyama vilikuwa vingi. Svithiod kilianzishwa 1880, Vikings 1890, vyote hapo Chicago: vyama vya kusaidiana katika ugonjwa na kuzikana. Kwetu hili halihitaji maelezo. Mtu aliye mbali na ukoo wake, jambo la kwanza linalomkosesha usingizi ni nani atamzika.

Narudi kwa mchungaji Carlsson, maana alikuwa na binti, Emmy. Emmy Evald aliolewa na mchungaji wa kanisa lilelile la Immanuel. Mwaka 1892 akawa mwenyekiti wa umoja wa wanawake wa misheni wa Sinodi ya Augustana, kanisa la Waswidi wa Marekani, na akakaa kwenye kiti hicho hadi 1935. Alidai haki ya wanawake kupiga kura, na mwaka 1902 aliitetea mbele ya kamati ya Bunge la Marekani. Kazi aliyoizoea zaidi ilikuwa kukusanya fedha ndogondogo za wanawake mpaka zikawa shule na hospitali nchi za mbali.

Mwaka 1926 wamisionari wa sinodi hiyo walianza kazi Iramba, huko Singida. Wenzetu wa Kiomboi wanajua kilichofuata, maana hospitali ya pale ni tunda la misheni hiyo. Na miaka hiyohiyo, Chicago kwenyewe, Kiswidi kilikuwa kinatoka makanisani. Vijana walitaka Kiingereza. Katika sharika nyingi ibada iliyong'ang'aniwa hadi mwisho ni Julotta, ya alfajiri ya Krismasi, mishumaa imewashwa, nje bado giza, bibi waliowahi kuwa wasichana wa kazi wakiimba Kiswidi na wajukuu wao wakifuatisha tuni bila kujua maneno. Huku Iramba, wageni waliotumwa na kanisa lao walikuwa wanajifunza kusalimu kwa Kinyiramba.